Amri ya Nani? Lili Marleen na mwimbaji aliyegombewa na redio mbili

Mwimbaji huyu ana utetezi mmoja tu filamu nzima. Anampa mpenzi wake, anawapa wakubwa wa chama, na nadhani hata kioo cha chumba chake cha kuvalia kimeshausikia: yeye anaimba wimbo tu. Maneno hakuandika, muziki hakutunga, redio si yake, gwanda hajavaa. Kosa liko wapi?

Nimeitazama Lili Marleen, filamu ya mwongozaji Mjerumani Rainer Werner Fassbinder, mara tatu, kwa miaka tofauti, na kila mara nimeondoka na hukumu tofauti. Mara ya kwanza nilimwonea huruma. Mara ya pili nilimwona mnafiki mwenye sauti nzuri. Safari hii nimeishia pabaya zaidi, maana nimeanza kuamini kwamba anasema kweli, na kwamba ukweli wake haumsaidii kitu.

Kwa ambaye hajaiona: filamu ilitoka mwaka 1981, mwaka mmoja kabla ya Fassbinder kufariki akiwa na miaka 37. Hanna Schygulla anamcheza Willie, mwimbaji wa Kijerumani wa kawaida kabisa, anayempenda Robert Mendelsson, mwanamuziki Myahudi wa Zurich, anayechezwa na Giancarlo Giannini. Familia ya Robert ina mtandao wa siri wa kuwavusha Wayahudi kutoka Ujerumani. Baba mtu anaona binti wa Kijerumani ndani ya nyumba ni moto karibu na petroli, anapanga mambo ili akitoka Uswisi asiruhusiwe kurudi. Willie anakwama upande wa pili wa mpaka. Vita vinaanza. Kibindoni ana wimbo mmoja ambao haujamletea hata nauli.

Chanzo cha hadithi hii ni mwanamke wa kweli, Lale Andersen, mzaliwa wa eneo la Bremerhaven, aliyeandika maisha yake katika kitabu kilichotoka mwaka 1972, mwaka huohuo aliofariki. Fassbinder alichukua mifupa akaivisha nyama yake mwenyewe. Nitasema baadaye ni wapi nyama hiyo naiona imezidi.

Kwanza wimbo wenyewe, Lili Marleen. Maneno yake yaliandikwa mwaka 1915 na Hans Leip, askari kijana aliyekuwa akilinda lango la kambi Berlin huku akisubiri kupelekwa vitani dhidi ya Warusi. Yakakaa miaka zaidi ya ishirini kabla ya kuchapishwa kitabuni mwaka 1937. Mwaka uliofuata Norbert Schultze akayatungia muziki, na mwaka 1939, vita vikiwa mlangoni, Lale Andersen akaingia studio akarekodi. Santuri ikadoda. Ziliuzwa mia chache tu, watu wakaendelea na shughuli zao.

Kilichouinua wimbo ni uhaba wa santuri. Mwezi Aprili 1941 Wajerumani waliiteka Belgrade, na punde kituo cha redio cha mji huo kikageuzwa kuwa redio ya wanajeshi. Aliyekabidhiwa alikuwa luteni aitwaye Karl-Heinz Reintgen. Mtambo alikuwa nao, tena wenye nguvu za kutisha, lakini rafu za santuri zilikuwa tupu. Vijana wake wakaletewa mzigo wa santuri kutoka Vienna, na humo ndani mlikuwamo hiyo iliyododa. Wakaipiga kwa sababu hawakuwa na nyingine. Wakaipiga tena. Walipopunguza kuipiga, barua za askari zikaanza kumiminika kuiulizia. Basi ikapangiwa saa yake: kila usiku, dakika chache kabla ya saa nne, kuufunga usiku.

Waliokua na RTD, yaani Redio Tanzania Dar es Salaam, wataelewa haraka kuliko mtu mwingine yeyote maana ya jambo hilo. Ngoma ya taarifa ya habari ilipolia, baba alinyamazisha watoto, mama alishusha moto wa jiko, na jirani asiye na redio alisogea dirishani. Ngoma ile haikuwa na neno hata moja, na bado ilipanga nyumba nzima. Ndivyo wimbo huu ulivyokuja kuwa. Ulianza na tarumbeta ya kambini, ile ya kuwaita askari wakalale, na kutoka Belgrade ukasikika kwenye mahandaki ya Urusi, kwenye meli za Mediterania, na kwenye mchanga wa Libya, ambako Wajerumani na Waingereza walikuwa wakiuana mchana.

Waingereza nao waliusikia. Hilo ndilo lililowaumiza kichwa wakubwa wa pande zote mbili: usiku vijana wa Jeshi la Nane la Uingereza walikuwa wakitega redio zao kwenye kituo cha adui, wakamsikiliza mwanamke wa adui, wakajifunza kumfuatisha kwa lugha ya adui.

Hebu tuangalie wimbo unasema nini. Kuna lango la kambi, kuna taa, kuna msichana. Vivuli viwili vinaungana hadi vinaonekana kimoja. Mlinzi anaita, tarumbeta imelia, ukichelewa utafungwa siku tatu. Kijana anaaga. Kisha anajiuliza: nikipatwa na jambo, ni nani atakayesimama na wewe chini ya taa? Na mwishoni anarudi, lakini anarudi kutoka ardhini, ukungu wa usiku ukizunguka. Yaani amekufa. Askari wa mataifa kadhaa walikuwa wakilala kila usiku na wimbo wa maiti anayerudi kwa mpenzi wake, na hakuna aliyekuwa amewaamrisha waupende.

Vita hivyohivyo vilikuwa na wimbo wake kwa Kiswahili. Askari wa KAR, jeshi la kikoloni la Waingereza Afrika Mashariki, waliopelekwa Ethiopia, Madagaska na hatimaye Burma, waliimba Funga Safari, na wazee wengi wa Kenya, Uganda na Tanganyika walikufa wakiwa bado wanaukumbuka. Wimbo ule unauliza waziwazi: amri ya nani? Na unajibu papo hapo: amri ya bwana kapteni, amri ya KAR. Huwezi kukosea umetoka wapi na unakwenda wapi. Katika Lili Marleen amri ipo pia, lakini ipo kama kero. Ni ile tarumbeta inayowakatiza wapenzi. Jeshi zima limepewa nafasi ya mgeni asiyejua kubisha hodi.

Joseph Goebbels, waziri wa propaganda wa Hitler, alilinusa hilo mapema. Hakuupenda kamwe. Aliona unalegeza miguu, unanuka kifo, unamkumbusha askari nyumbani wakati anatakiwa kukumbuka Taifa. Na kichekesho ni kwamba mtunzi wa muziki wake, Schultze, alikuwa mtu wao kabisa. Mwaka 1940 aliwatungia wimbo wa kushangilia mabomu kuiangukia Uingereza. Huo uliagizwa, ukatimiza masharti yote, na leo ukiutaja lazima ueleze ulikuwa wimbo gani.

Sasa Waingereza. Wakubwa wao hawakupenda kuona askari wanaimba Kijerumani kambini, na kuukataza wasingeweza. Basi wakaugombea. Mwaka 1943 redio ya BBC, katika matangazo yake ya Kijerumani, ilimpa maikrofoni Lucie Mannheim, mwigizaji Myahudi aliyefukuzwa na Unazi kutoka majukwaa ya Berlin, akauimba kwa maneno mapya. Msichana anamwandikia mpenzi wake aliyeko vitani, na kufikia mwisho ile taa ya mapenzi imekuwa mahali pa kumtundikia Hitler. Mwaka 1944 yakatungwa maneno ya Kiingereza, laini, yasiyo na maiti, yakaimbwa na Anne Shelton. Mwaka huohuo kikosi cha filamu cha serikali ya Uingereza kikatoa filamu ya Humphrey Jennings inayosimulia safari ya wimbo, na inausimulia kama ngawira: kitu tulichokiteka jangwani kwa Rommel, jenerali wa Wajerumani, pamoja na mateka na mizinga. Nao Wamarekani, kupitia idara yao ya ujasusi, OSS, wakamrekodi Marlene Dietrich, Mjerumani aliyechukua uraia wa Marekani, ili sauti yake irushwe kwa askari wa Ujerumani iwatie unyonge.

Muziki mmoja, taa moja. Kila upande unadai sasa ni wake.

Niliwahi kwenda harusi moja Tanga, miaka mingi nyuma, taarab ikapigwa mpaka alfajiri. Mwimbaji aliimba wimbo wa ua lililonyauka bustanini. Kila mtu anaufahamu, hauna tusi, unaweza kuuimba mbele ya sheikh. Katikati ya ubeti wa pili shangazi yangu aliinuka, noti mkononi ameishika juu kabisa, akatembea polepole kwenda jukwaani kutunza. Lakini hakupita njia fupi. Alizunguka, akapita mbele ya kiti cha mwanamke mmoja aliyekuwa na ugomvi naye wa siku nyingi, akasimama pale kidogo, akacheza mabega, ndipo akaendelea. Ukumbi mzima ulielewa ua ni nani. Mwanamke yule aliondoka kabla ya biriani. Asubuhi yake watu walipomlaumu mwimbaji, alijibu kwa mshangao wa kweli: jamani, mimi nimeimba ua.

Sisi wa taarab tunalijua jambo hili bila kufundishwa. Wimbo ni wa mwimbaji, lakini fumbo ni la anayeinuka kutunza. Maneno yanabaki palepale. Kinachobadilika ni nani ameinuka, wakati gani, na amepita mbele ya kiti cha nani. Kituo cha Belgrade kilikuwa ni mtu wa kwanza kuinuka na noti. BBC ikainuka ya pili, ikazunguka upande wake. OSS ya tatu. Na mwimbaji yuko jukwaani, mwanga machoni, hawaoni vizuri hata wanaomtunza.

Ndiyo maana nasema Willie hasemi uongo. Anaimba tu, kweli. Lakini anasahau, au anajisahaulisha, kwamba noti anapokea.

Hapa ndipo naona Fassbinder alikuwa na akili kuliko wengi waliomkosoa. Filamu ilipotoka alilaumiwa kwa kuipamba mno: taa za kumeremeta, magauni ya kung'aa, nywele za dhahabu, machozi yenye muziki nyuma yake, kama vile amepiga tena filamu za studio za zama zilezile za Hitler. Ni kweli imepambwa. Waigizaji wanazungumza Kiingereza mbele ya kamera katika hadithi ya wimbo wa Kijerumani, na mambo mengine yana uzuri wa bandia ulio dhahiri. Lakini mapambo hayo ndiyo noti yenyewe. Mtazamaji analetewa utamu uleule alioletewa Willie, na anautafuna kabla hajakumbuka kuuliza umetoka jikoni kwa nani. Mimi mwenyewe, mtu mzima, nimejikuta nikivuma wimbo huo sebuleni huku kwenye runinga askari wanarushwa na mizinga. Nikanyamaza ghafla. Filamu ilikuwa imenishika mkono ndani ya mfuko.

Tazama pia anavyompeleka Willie kwa Hitler. Filamu nyingine ingetuletea mwigizaji mwenye masharubu. Hapa mlango mkubwa unafunguka, ndani mna mwanga mweupe unaoumiza macho, Willie anaingia kwenye mwanga, basi. Hatumwoni mwenye amri. Tunaona tu mlango na mwanga, halafu tunaona nyumba aliyopewa, pana, nyeupe, ambamo anazunguka akicheka na kujirusha kama mtoto aliyefunguliwa duka la peremende. Tumezoea kusema wapiganapo fahali wawili ziumiazo nyasi. Willie si nyasi. Nyasi hazipewi nyumba.

Matukio mawili ndiyo yanayobeba filamu. La kwanza ni chumba cha mateso. Robert amekamatwa ndani ya Ujerumani. Hawampigi. Wanamfungia wakampigia santuri ya mpenzi wake, na santuri imekwama: mistari michache tu, tena, tena, tena, ikikatika palepale na kuanza palepale. Sijaona mahali pengine palipoonyesha propaganda kwa ufupi namna hii. Hawakuongeza neno baya hata moja kwenye wimbo, wamepunguza tu. Ukichukua kitu mtu anachokipenda ukakirudia bila kumpa nafasi ya kupumua, unacho chombo cha kumvunjia, na aliyekiimba hana habari. Pengine muda huohuo yuko jukwaani anapigiwa makofi.

La pili linamhusu Taschner, mpiga kinanda wake, kijana wa watu mwenye mzaha, anayeishia kutupwa mstari wa mbele upande wa Urusi. Usiku, katika machafuko, anausikia wimbo. Anaufahamu kuliko mtu yeyote, maana vidole vyake vimo ndani yake. Anajua panapopigwa Lili Marleen pana Wajerumani wenzake, anakwenda kuelekea sauti. Waliokuwa wakiupiga ni Warusi. Tukio lenyewe ni fupi, na Fassbinder hakuweka hotuba juu yake. Lakini kila nikifika hapo narudi kwa luteni wa Belgrade na mzigo wake wa santuri, nawaza: hivi ndivyo inavyokuwa wimbo ukishakuwa wa kila mtu. Huwezi tena kuutumia kujua uko wapi.

Sasa maisha yenyewe, ambayo kwa sehemu moja yana ukatili kuliko filamu. Lale Andersen alikuwa na marafiki Wayahudi Zurich, akiwamo mtunzi Rolf Liebermann aliyewahi kuwa mpenzi wake, na aliendelea kuwaandikia. Mwaka 1942 barua zake zikawa kesi. Akapigwa marufuku kupanda jukwaani, sauti yake ikaondolewa. Akajaribu kujiua. Kisha redio ya London ikatangaza kwamba Wanazi wamemtia kambini. Habari ile haikuwa kweli. Lakini Berlin, ambako pengine wangempeleka kweli, sasa wangewezaje? Kumfunga kungekuwa kuithibitishia London maneno yake. Ikabidi aonekane mzima, anatabasamu. Mwaka 1943 akaruhusiwa kuimba tena kwa masharti, na moja ya masharti lilikuwa asiuimbe wimbo ule.

Tuangalie hesabu hiyo taratibu. Adui wa nchi yake alisema uongo juu yake, na uongo ule ukamkinga. Serikali yake ilimwacha hai ili kumuumbua adui. Hakuna upande uliomtendea wema. Wote walihitaji kitu kimoja, habari juu ya mwili wake: London uwe kambini, Berlin uwe jukwaani. Fassbinder alilielewa hilo, na filamu yake ina mwangwi wake: Willie anatolewa kitandani akiwa hajapona, anasukumwa mbele ya umati ili dunia ione kwamba hajafa. Schygulla anaimba pale kama mtu anayesoma risiti.

Lakini nyama niliyosema imezidi ni hii. Filamu inampa Willie kazi ya siri: kubeba mkanda wenye picha za kambi za mauaji za Poland, kuuvusha ili dunia ione. Ni tukio la kusisimua, na linanikera. Linamsafisha. Baada ya saa nzima ya kutubana na swali la mwimbaji asiye na hatia anayelala kwenye shuka za wauaji, filamu inaogopa swali lake yenyewe, inamkimbizia beji ya ushujaa ili tuweze kumpenda kwa amani. Lale Andersen hakuhitaji beji hiyo ili kuwa mtu wa kutatanisha. Alichofanya ni kuandika barua kwa marafiki aliokatazwa kuwa nao. Kwangu hilo ni kubwa kuliko mkanda wa filamu, kwa sababu ni dogo, na ni la mtu anayejua atalipia.

Huku kwetu swali hili halikuishia kwenye filamu. Lilifika mahakamani, na mahakama ilikuwa Arusha. Simon Bikindi, mwanamuziki wa Rwanda na kiongozi wa kundi la Irindiro, alishtakiwa mbele ya Mahakama ya Kimataifa ya Jinai kwa Rwanda, na nyimbo zake zikawekwa mezani pamoja na ushahidi mwingine. Ni nyimbo zilizopigwa na redio RTLM katika miezi ya mauaji ya kimbari ya mwaka 1994. Sitazilinganisha na Lili Marleen. Wimbo wa msichana chini ya taa haumtaji mtu wa kuchukiwa, na majaji wa Arusha waliona kwamba baadhi ya nyimbo za Bikindi zilitungwa kueneza chuki dhidi ya Watutsi. Hata hivyo waliziweka kando. Zilitungwa kabla ya mwaka 1994, na haikuthibitishwa kwamba yeye alihusika kuzirusha hewani wakati watu wanauawa. Desemba 2008 walimhukumu miaka 15 kwa jambo jingine: maneno aliyoyasema kwa kipaza sauti cha gari, mwishoni mwa Juni 1994, barabarani kati ya Kivumu na Kayove, akiwachochea watu kuua.

Niliposoma muhtasari wa hukumu hiyo nilikasirika, kama walivyokasirika wengi. Kipaza sauti cha gari kinasikika kijiji kimoja. Wimbo unasikika nchi nzima. Baadaye nikaelewa walichokuwa wakikitafuta majaji. Walikuwa wanatafuta mtu aliyeinuka na noti. Aliyeuweka wimbo kwenye mashine, siku ile, saa ile, baada ya majina ya watu wa kuwindwa kusomwa. Wimbo wenye sumu unaweza kukaa kwenye kabati miaka; kuna mkono unaoutoa. Filamu ya Fassbinder, kwa wimbo usio na sumu kabisa, inatafuta mkono uleule, na inatuonyesha jinsi ilivyo rahisi kuukosa kwa sababu macho yote yako kwa anayeimba.

Hata vita vya Kagera vilikuwa na hilo, kwa kiasi chake. Bendi nyingi zilikuwa mali ya jumuiya na majeshi, studio ilikuwa moja, redio ilikuwa moja, na nyimbo za kumlaani Idi Amin zilitungwa kwa haraka na kupigwa asubuhi hadi usiku. Wengi wetu bado tunazipenda. Sijawahi kumsikia mtu akimuuliza mwanamuziki wa wakati ule kama alikuwa na hiari. Labda kwa sababu vita tulishinda.

Kushinda na kushindwa kunabadilisha sana masikio. Katika filamu, vita vimekwisha, Willie anavuka hatimaye kwenda Zurich. Robert sasa ni kiongozi wa okestra, ukumbi umejaa, na ana mke, wa familia inayofaa. Willie anaona alichofuata hakipo tena. Hakuna ugomvi, hakuna anayemfukuza. Anatoka nje, usiku, huku ndani wanampigia makofi Robert.

Maisha yalimalizia kwa namna yake. Mwaka 1960 Marlene Dietrich, aliyekataa kumtumikia Hitler na badala yake akawaimbia askari wa Marekani karibu kabisa na mstari wa mbele, alirudi Ujerumani kwa ziara ya maonyesho, akapokewa na mabango yanayomwambia arudi kwao Marekani. Kwa baadhi ya Wajerumani alikuwa msaliti. Mwaka uliofuata Ujerumani Magharibi ilihitaji mtu wa kuiwakilisha kwenye mashindano ya nyimbo ya Eurovision mjini Cannes, na ikamtuma Lale Andersen. Alikuwa na miaka 55. Aliimba juu ya watu watakaoonana tena siku moja, kwa Kijerumani na kipande kwa Kifaransa, mbele ya majaji wa nchi ambazo miaka ishirini nyuma zilikuwa zikimsikiliza gizani, dakika chache kabla ya saa nne. Walimpa nafasi ya 13.